Siku yangu na ndege wa bahari, hapa Arusha

Saa 12 asubuhi. Tope limejaa Njiro. Nakunywa chai haraka, nakimbilia daladala.

Saa 2. Nafundisha vijana wanaosomea kuongoza watalii. Simba na tembo wanawajua vizuri, ila wengi hawajawahi kuiona bahari. Lakini mgeni akitoka Serengeti huenda Zanzibar, na maswali anaanza kuyauliza humu humu garini. Leo basi ni Fungu Kizimkazi, ambalo ramani nyingi huliita Latham: kipande cha matumbawe bapa, kusini mashariki mwa Unguja, hakina maji baridi wala mti.

"Sasa mwalimu, ndege wanafuata nini huko?"

Wanafuata usalama. Hakuna paka, hakuna panya, na samaki wapo pande zote. Maji ya chumvi wanakunywa. Tezi zilizo juu ya macho huitoa chumvi ile, ikadondoka mdomoni.

Saa 4. Nawaonyesha picha ya Sula dactylatra, ndege mweupe mwenye uso mweusi. Kifuani hana sehemu isiyo na manyoya ya kuatamia kama kuku, kwa hiyo yai hulifunika kwa nyayo zake zenye utando, joto la damu likapita humo. Mara nyingi hutaga mayai 2, na kinda la kwanza humfukuza mdogo wake kiotani mpaka afe. Darasa zima likaguna. Nikawaacha wagune, maana hapo ndipo wanapoanza kumjali yule ndege.

Saa 7. Wali maharage kwa mama lishe.

Saa 8. Kipindi cha panya. Kisiwani Gough, Atlantiki ya Kusini, panya wadogo walioletwa na meli huwatafuna makinda ya albatrosi, ndege wakubwa wa bahari, wangali hai. Kisiwani South Georgia, bahari ile ile, walimwaga sumu kwa helikopta kwa miaka kadhaa, na mwaka 2018 wakatangaza kwamba panya wameisha. Inawezekana, ila ni gharama kubwa mno. Bora wasifike kabisa.

Saa 1 usiku. Ujumbe wa mwanafunzi: "Shikamoo mwalimu. Mjomba wangu ni mvuvi Kizimkazi, anasema wakipita kule huokota mayai. Nimwambieje?"

Marahaba. Mwambie buabua mweusi, ndege mwingine wa bahari, hutaga yai 1 tu, na wazazi wakifukuzwa, hata mayai yaliyoachwa huiva kwa jua. Mwombe pia wakague mashua kabla ya kutia nanga, panya asishuke nao. Kisha nipe namba yake, akikubali. Ningependa kumsikiliza mwenyewe.