Bustani za Tengeru

Bwana asifiwe, wapendwa.

Wiki hii nimekaa na Yeremia 29:5: “Jengeni nyumba, mkakae ndani yake, kapandeni bustani, mkale matunda yake.” Barua hiyo ilipelekwa Babeli, kwa mateka waliokuwa wakiambiwa kwamba kurudi nyumbani ni kesho kutwa.

Kilichonirudisha kwenye mstari huu ni makaburi ya Wapolandi pale Tengeru, nje kidogo ya Arusha. Yako kama 150, yenye majina ambayo ulimi wangu ulishindwa kuyatamka. Mwaka 1940 askari wa Stalin, mtawala wa Muungano wa Sovieti, walianza kuwatoa watu hawa majumbani mwao na kuwapeleka Siberia na Kazakhstan. Wengi walifia huko kwa njaa na baridi. Mwaka 1942 baadhi ya waliosalia wakapata njia ya kutokea Uajemi, wakavuka bahari, na watu kama 5,000 wakafikia hapa chini ya Mlima Meru. Wengi wao walikuwa wanawake na watoto.

Kambini walipewa vibanda vya duara, vya chokaa nyeupe na paa la nyasi. Walifungua shule, wakapata na kanisa. Lakini mimi nimegota kwenye maua. Wale akina mama walipanda maua mlangoni! Mtu amezika mtoto njiani, hajui kama mumewe yu hai, naye anainama kwenye udongo wa Wameru, anafukia mbegu, anamwagilia.

Zamani nilidhani kupanda ugenini ni kukubali kwamba nyumbani kumekwisha. Sivyo. Waliopewa barua ile ni walewale waliolia, “Tuuimbeje wimbo wa BWANA katika nchi ya ugeni?” (Zaburi 137:4). Mungu hakuwanyamazisha. Aliwapa jembe wakiwa bado wanalia.

Wengi wa Tengeru hawakurudi kwao kamwe. Vita vya Pili vya Dunia vilipokwisha, vijiji vyao vilikuwa vimeingizwa ndani ya mipaka ya Sovieti, wakasambaa Uingereza, Kanada, Australia.

Katika maombi ya Ijumaa naomba tuwataje ndugu zetu wa Kongo walioko Nyarugusu, kule Kigoma. Kambi ile ilifunguliwa mwaka 1996. Wapo waliozaliwa humo, na leo wanalea watoto wao humohumo.

Bwana, mwaka huu wanyeshee mvua kwenye vijibustani vyao.