Sekunde 35 za Lexington

Basi lilitakiwa kuondoka Columbus, Ohio, saa mbili asubuhi. Liliondoka saa nne na nusu, na dereva hakuona sababu ya kutueleza kitu. Ilikuwa Ijumaa Kuu, tarehe 3 Aprili 2015, mvua inamwagika. Mizigo yangu ilikuwa begi moja, katoni ya maembe niliyouziwa kama dhahabu, na ujumbe wa dada kwenye simu: "Beba koti. Na usije umevaa nyekundu."

Habari ya nyekundu niliielewa baadaye. Ni rangi ya Wisconsin, wapinzani wa kesho yake wa Kentucky, timu ya mpira wa kikapu ya chuo kikuu cha Lexington, mji anakoishi dada. Ni rangi ya Louisville, majirani wasiopendwa. Na ni rangi ya chuo kikubwa cha Columbus, mji nilikotoka. Kwa wikiendi ile, mtu wa nyekundu Lexington angekuwa kama shabiki wa Simba aliyepanda daladala la Wanayanga siku ya mechi.

Ukishavuka Mto Ohio pale Cincinnati umeingia Kentucky, na mbele kidogo, kando ya barabara kuu, kuna tangi la maji refu limeandikwa FLORENCE Y'ALL. Abiria wa jirani, mzee aliyevaa kofia ya bluu, alinisimulia kisa chake bila kuombwa. Mwanzoni liliandikwa kutangaza jumba la maduka la Florence ambalo lilikuwa hata halijajengwa, sheria ikakataa, wakuu wa mji wakaona gharama ya kupaka upya ni kubwa, basi wakaigeuza herufi moja ya neno MALL, yaani jumba la maduka, likawa Y'ALL, "nyie nyote" ya watu wa kusini. Nilicheka. Akafurahi kuona nimecheka, akaniuliza ninakwenda kuona mechi? Nikamwambia nakwenda kwa dada yangu kula Pasaka. Akanitazama kwa huruma.

Dada yangu ameolewa na mtu wa Uvira, ng'ambo ya Ziwa Tanganyika. Sisi ni watu wa Kigoma, kwa hiyo nyumbani hakuna aliyeshangaa. Ziwa limetuunganisha siku nyingi. Kilichonishangaza ni kuwakuta wote wawili katikati ya Kentucky, kwenye mtaa ambao duka la kona linauza unga wa muhogo na samaki wakavu, na akina mama wanasalimiana kwa Kiswahili cha Bukavu na Uvira. Wakongo wengi wamepokelewa Lexington kama wakimbizi. Kiswahili ni kati ya lugha zinazosikika sana kwenye shule za mji ule.

"Shikamoo dada."

"Marahaba. Umekonda. Huyo shemeji yako yuko sebuleni, usimsemeshe, anaangalia marudio."

Marudio ya nini? Ya mechi ya wiki iliyotangulia, Kentucky na Notre Dame, ambayo alikuwa ameshaiona mara tatu.

Hapa lazima niseme kwa nini nami niliketi bila hata kuvua viatu. Kabla sijaja kusoma, nilifundisha jiografia sekondari moja Kigoma, na jioni nilikuwa kocha wa mpira wa kikapu kwa sababu hakuna mwalimu mwingine aliyekubali. Uwanja wa saruji uliopasuka, pete ya nondo iliyochomelewa na fundi wa madirisha. Miaka minne nilipambana na ugonjwa mmoja: kila kijana alitaka kufunga, hakuna aliyetaka kukaba. Kukaba kwao ilikuwa adhabu ya aliyepoteza mpira. Niliwahubiria, niliwakimbiza, niliwanunulia soda. Haikusaidia.

Halafu Desemba ya 2014, bwenini kwangu Ohio, nikaona kwenye runinga Kentucky wakicheza na UCLA pale Chicago. UCLA si timu ya kuokoteza. Hakuna chuo chenye mataji mengi ya taifa ya kikapu cha wanaume kuliko wao. Walikosa mitupo yao 17 ya kwanza. Ubao ulisoma 24 kwa 0. Mapumziko ilikuwa 41 kwa 7, na mwisho 83 kwa 44. Mwezi mmoja nyuma Kentucky walikuwa wamewapiga Kansas 72 kwa 40. Nilikaa pale nikifikiria vijana wangu wa Kigoma, nikatamani kuwafunga kamba mbele ya runinga ile.

Maana Kentucky ile haikuwa timu ya kufunga sana. Ilikuwa timu ya kunyima. Msimu mzima wapinzani hawakufikisha wastani wa pointi 55 kwa mechi. Kocha John Calipari alikuwa na vijana wengi wazuri hivi kwamba mwanzoni mwa msimu alikuwa akiingiza watano, kisha anawatoa wote na kuingiza watano wengine, kama mabadiliko ya zamu kiwandani. Willie Cauley-Stein na Dakari Johnson futi 7 kila mmoja, Karl-Anthony Towns futi 6 na inchi 11, Trey Lyles nyuma yake kidogo. Hata mapacha Andrew na Aaron Harrison, ambao kazi yao ni kupiga chenga nje, walikuwa futi 6 na nusu. Mfupi pekee wa maana alikuwa Tyler Ulis, futi 5 na inchi 9, na yeye alikuwa anakera kama mbu.

Siri haikuwa urefu mtupu. Timu nyingi zina warefu wanaosimama kama minara ya simu. Hawa walikuwa na miguu. Mpinzani akiweka mtu wa kumziba mkabaji, wao wanabadilishana tu: wewe mchukue wangu, mimi wako, na hakuna pengo, kwa kuwa hata yule mrefu kuliko wote anaweza kumfuata mdogo mwenye kasi. Ukimpita wa kwanza unakutana na mkono, ukiukwepa mkono unakutana na Towns. Unarudisha mpira nje. Unaanza upya. Na wakati huo saa inahesabu. Kwenye vyuo mwaka ule timu ilikuwa na sekunde 35 za kurusha, na dhidi ya Kentucky sekunde 30 zilikuwa zinaisha kwa kutafuta mlango tu.

"Angalia ule mutu," shemeji akaniambia, akisimamisha picha. Zilikuwa sekunde sita za mwisho za Notre Dame. Kentucky 68, Notre Dame 66. Jerian Grant anakimbia na mpira pembeni mwa uwanja, na anayemfuata si mchezaji mdogo wa nje, ni Cauley-Stein, futi zake 7 zote, bega kwa bega mpaka kona. Mtupo unapita juu ya pete. "Murefu vile, na anakimbia sawa na mbuzi. Bote wanaangalia Towns juu alifunga pointi 25. Miye naangalia huyu."

Shemeji anafanya kazi kwenye shamba la farasi. Lexington hujiita mji mkuu wa farasi duniani, na ukitoka nje ya mji kidogo unaona sababu: vilima vya majani, na wigo wa mbao usio na mwisho, mbao nne nne, umepakwa rangi nyeusi. Kazi yake ni huo wigo. Anatembea nao mwaka mzima, anagonga, anasikiliza, anabadilisha ubao uliooza, anapaka rangi. Jumamosi asubuhi, mvua ilipokata, alinipitisha huko na gari lake, akanionyesha sehemu ambayo nguzo zilikuwa zimelegea kwa maji.

"Patron hanilipe juu ya farasi kukimbia mbio," alisema. "Ananilipa juu farasi asitoke. Mwaka wote hakuna mutu anakuja kuniambia wigo uko muzuri. Farasi mumoja akitoka, simu inalia saa hiyo hiyo."

Nikamwambia maneno hayo ndiyo niliyokosa miaka minne Kigoma. Akasema nimulipe.

Tulipita pia mjini kuona Rupp Arena, uwanja wa nyumbani wa timu. Nilitarajia jengo la fahari. Nikakuta ukumbi umefichwa kati ya hoteli na maduka, unaweza kuupita usijue kuwa ndani wanaingia watu zaidi ya elfu ishirini. Umepewa jina la Adolph Rupp, kocha aliyeshinda mechi 876 na mataji manne. Ndiye pia aliyekuwa benchi mwaka 1966, timu yake ya weupe watupu ilipofungwa kwenye fainali 72 kwa 65 na Texas Western walioanza na Weusi watano. Mchezaji wake wa kwanza Mweusi alikuja kucheza msimu wa 1970. Nilisimama pale mlangoni nikatazama picha za timu ya sasa, karibu wote Weusi, chini ya jina lile. Shemeji alikuwa ananunua kofia. Hakuna aliyeonekana kulifikiria hilo siku ile, na labda siku ya mechi si siku yake.

Kila dirisha la duka lilikuwa limeandikwa 38-0. Hakuna timu ya wanaume ya ngazi hiyo iliyokuwa imefika huko bila kupoteza, na ya mwisho kumaliza msimu mzima na ubingwa bila kufungwa ilikuwa Indiana ya 1976, na michezo 32. Zimebaki mbili. Nusu fainali ni Indianapolis, usiku ule, karibu saa tatu.

Tatizo ni kwamba usiku ule ulikuwa wa kuamkia Pasaka, na kanisa lao lina ibada.

Ni kanisa la waimbaji wa Kiswahili waliokodi ukumbi wa kanisa la Wazungu. Kwaya nzuri kupita kiasi, magitaa mawili ya nguvu, na shemeji anapiga mojawapo. Ilipofika saa tatu nikaona wanaume wanaanza kutoka mmoja mmoja, kwa heshima, wameinamisha vichwa kama wanaokwenda msalani. Nami nikatoka. Huko nje kwenye maegesho tulikuwa kama kumi na tano tumezunguka gari moja lenye redio wazi na simu moja juu ya boneti. Mtupo ukiingia tunashangilia kwa kunong'ona, jambo ambalo sikujua linawezekana. Mara mchungaji akasikika kwenye spika mpaka nje: "Bandugu munaotoka kuangalia magari, mutulie. Leo hata mwizi iko anaangalia mupira."

Tulirudi ndani tukicheka. Dada hakucheka. Mapumziko ilikuwa 36 kwa 36.

Kipindi cha pili tulikiangalia nyumbani, watu kumi na tisa kwenye sebule ya watu sita, mpwa wangu wa miaka tisa ameketi mapajani kwangu na jezi ya Towns inayomfika magotini. Wisconsin hawakuwa wageni: mwaka uliopita Kentucky waliwatoa nusu fainali kwa pointi moja. Na walikuwa na kitu ambacho wengine hawakuwa nacho, subira. Senta wao Frank Kaminsky, naye futi 7, alikuwa anatoka nje kupiga mitupo ya pointi tatu, kwa hiyo warefu wa Kentucky walilazimika kumfuata huko, na chini ya pete kukabaki wazi. Kwenye ribaundi, mipira inayookotwa mtupo ukikosa, Wisconsin waliwazidi, 34 kwa 22. Nilikuwa naliona hilo na sikutaka kulisema mbele za watu.

Hata hivyo zikiwa zimebaki dakika sita na kitu Kentucky waliongoza 60 kwa 56. Sebule ilitulia, kila mtu akijua jinsi mechi zao zinavyoishaga: wanaongoza kidogo, wanafunga mlango.

Safari hii mlango ulifungwa upande wa pili. Kentucky wakaanza kuchezea saa. Wanapasiana nje, wanapunguza sekunde, wanangoja nafasi bora, na nafasi haiji. Saa ikalia. Mpira kwa Wisconsin. Mara nyingine, saa ikalia tena. Na ya tatu. Mara tatu mfululizo timu iliyowamaliza watu wote kwa sekunde 35 ikamalizwa na sekunde zake yenyewe, bila hata kurusha. Wisconsin wakasawazisha 60, kisha Sam Dekker akarudi nyuma hatua moja mbele ya mkabaji wake na kupiga tatu. Mwisho 71 kwa 64.

Hakuna aliyepiga kelele. Mama mmoja alisema "Yesu wangu" polepole. Nadhani Calipari aliogopa. Ukiongoza kwa pointi nne na una vijana kama wale unashambulia, hukalii mpira kama kuku wa mayai. Nilisema hivyo. Shemeji akanijibu, bila kugeuka, kwamba kocha wa Kigoma asimufundishe Calipari.

Ving'ora vya polisi vilisikika kutoka upande wa chuo mpaka usiku wa manane. Mpwa wangu alilala akilia, amekunjana kwenye jezi.

Pasaka ilipita kwa wali na maembe. Jumatatu yake Duke walichukua ubingwa mbele ya Wisconsin, lakini mtaani kwa dada hakuna aliyeangalia. Wala hawakujua kwamba miezi michache baadaye Towns angechaguliwa wa kwanza kabisa na NBA, na wenzake watano wa timu ile ile kuchaguliwa naye usiku huo huo.

Jumapili jioni, kabla ya kwenda kituo cha basi, mpwa aliniburuta mpaka kwenye pete ya maegesho ya nyumba zao. Saruji bado ilikuwa na madimbwi.

"Mjomba, unikabe. Mimi nahesabu."

Nikainama, mikono wazi, miguu imepanuka, kama nilivyowaambia wengine mara elfu. Akaanza kudundisha na kuhesabu kwa sauti, kwa Kiswahili cha baba yake. Kulia, nikamziba. Kushoto, nikamziba. "Kumi na saba. Kumi na munane. Kumi na tisa." Akasita, macho kwenye pete. "Makumi tatu na tatu."

Nilicheka, na kabla sijafunga mdomo alikuwa ameshanipita.