Siku moja ya kuorodhesha makaburi ya kijiji, Mbeya Vijijini

Saa 12:30 asubuhi. Tunataka makaburi yawe kwenye orodha kabla ya mradi wowote, kama bomba la mafuta, kufika. Baridi ya Juni hula chaji, kwa hiyo simu mbili hukaa ndani ya koti. Mkobani kuna penseli (wino huchuruzika kwa umande), futi kamba ya mita 50 na fomu 40.

Saa 2. Kwa mtendaji, kisha kwa mzee wa ukoo. Bila mzee hakuna kazi: kaburi la zamani halina msalaba wala saruji, ni kichaka tu kilichoachwa katikati ya viazi.
“Shikamoo baba.”
“Marahaba wanangu. Tuanzie bondeni.”

Saa 3 hadi saa 7. Kila kaburi lina namba, ukoo, picha mbili na jina la anayelitambua. Nukta ya GPS, yaani mahali kaburi lilipo, haiandikwi mpaka simu ioneshe kosa la mita 5 au pungufu. Chini ya miti mikubwa inafika 15. Hapo tunapima kwa futi kutoka mahali peupe. Kosa baya kuliko yote ni la ramani. Kuna mifumo miwili ya kuhesabu mahali: simu hutumia WGS84, ramani za zamani za serikali ni Arc 1960. Ukizichanganya, kaburi linahama kama mita 300, na mpimaji wa mradi ataapa kwamba njia yake haigusi kitu. Juu ya kila fomu tunaandika mfumo na kanda ya ramani ilimo Mbeya: WGS84, kanda ya 36 Kusini.

Msitu wa tambiko hatuingii. Tunazunguka ukingo tu, siri ya ndani ibaki ya wazee.

Saa 8. Watu wanauliza haraka ya nini, bomba la TAZAMA, la mafuta ya kwenda Zambia, si limepita mkoani tangu 1968, na jipya halijapimwa hapa? Tunawaeleza ya Standing Rock, Marekani. Wasioux, wenyeji wa asili wa pale, walipinga bomba la mafuta la Dakota Access lisipite chini ya Ziwa Oahe, maji yao ya kunywa. Ijumaa, 2 Septemba 2016, walipeleka mahakamani orodha ya makaburi na mawe ya ibada. Kesho yake, walieleza, tingatinga zikakwangua eneo lile lile. Mwaka 2017 mafuta yakaanza kupita. Orodha yetu lazima ilitangulie tingatinga kwa miaka.

Saa 10. Fomu zinasomwa kwa sauti. Sheria ya Kuhamisha Makaburi ya 1969 inahesabu kwenye fidia hata gharama za tambiko, kwa hiyo kuna safu ya mbuzi na pombe. Orodha itaingia kwenye muhtasari wa mkutano mkuu wa kijiji. Mtendaji huhamishwa, na faili lake hupotea.

Saa 12 jioni. Ukoo mmoja umebaki. Mzee wao amelazwa, na vichaka vyake vitatu hakuna mwingine anayevijua. Kesho tunaanzia wodini.