Kwa Daladala ya 502 hadi Bububu, Kufuata Reli

Nilianzia Ngome Kongwe, mjini Unguja, maana huko ndiko gari la moshi la Bububu lilikokuwa na kituo chake tangu 1905. Leo ni maduka ya vinyago na jukwaa la ngoma. Mimi sikuona hata msumari wa reli. Nikashika njia ya Malindi, mtaa wa hapa hapa mjini, kwa miguu.

Picha za zamani zinaonyesha injini ikipita katikati ya nyumba, kwenye njia nyembamba ambayo leo vespa mbili zinapishana kwa kuombana radhi. Nadhani aliyekaa barazani ilimbidi akunje miguu. Waandishi wa historia ya reli za kikoloni hawachoki na simba wa Tsavo, waliokula wajenzi wa reli ya Uganda, na nyika isiyokwisha. Unguja hapakuwa na nyika. Reli ilipita milangoni mwa watu. Tena sisi tulitangulia: Sultani Sayyid Barghash, aliyetawala kuanzia 1870 hadi 1888, alikuwa na reli yake ya kwenda kasri la Chukwani, mabehewa yakivutwa na nyumbu kabla injini haijaletwa kutoka Uingereza. Ile ya Mombasa kwenda Uganda ilianza kujengwa 1896.

Darajani nikapanda daladala ya 502, nikabanwa kando ya bibi mwenye kikapu cha ukili.

“Shikamoo bibi. Reli ya zamani ilipita huku?”

“Marahaba mwanangu. Reli sikuikuta. Nimeikuta barabara, na mashimo yake.”

Tukapita Maruhubi. Kasri la Barghash la hapo liliungua 1899, kwa hiyo abiria wa mwanzo wa gari la moshi nao walilikuta gofu. Mtoni, alikozaliwa Sayyida Salme, dada yake Barghash, mwaka 1844, konda hakusimama hata kidogo.

Njia nzima ni maili 7 tu. Waliojenga walikuwa kampuni ya Kimarekani, Arnold, Cheney ya New York. Serikali ikaichukua 1911. Magari yakaongezeka barabarani, na mwaka 1922 abiria wakasitishwa. Reli ikabaki kubeba mawe ya kujengea bandari.

Bububu nikashuka, nikawauliza vijana wa bodaboda kituo kilikuwa wapi. Wakanionyesha polisi.

Anayetaka alama ya reli hii asihangaike kama mimi. Ashuke boti ya Dar es Salaam pale Malindi: gati lilijengwa miaka ile ile ya 1920, na gari la moshi ndilo lililovuta mawe yake.