Risasi ya kwanza kutoka kwenye fimbo tatu

Wageni wengi wanaokuja kuwinda nyati Tanzania hujiandaa mezani: kitako cha bunduki juu ya mfuko wa mchanga, karatasi mita 100, dakika nzima kwa kila risasi. Porini hakuna meza. Kuna fimbo tatu za kuegemezea bunduki, zilizofungwa pamoja kwa juu, mfuata nyayo ameshazisimamisha, na nyati aliye mita 60 ameinua kichwa. Ukimjeruhi akapotea, unamlipia kama aliyekufa, na kuna watu watakaolazimika kumfuata kichakani. Kwa hiyo risasi ya kufanyia mazoezi ni ile ya kwanza, na wepesi wake hautoki kwenye kidole. Unatoka kwenye namna bunduki inavyopanda begani.

Hilo hujifunzwa bila risasi. Fungua bolti (komeo la bunduki), tazama chemba, pale risasi inapokaa, kwa macho, kisha ingiza kidole uhakikishe. Risasi zote zikae chumba kingine. Bandika alama ndogo kwenye ukuta mnene wa matofali, simamisha fimbo, fundo lake liwe usawa wa juu ya kifua. Bunduki ianzie kifuani. Macho yasiiache alama hata kidogo wakati mkono wa kushoto unashika fundo pamoja na mbao ya mbele, kitako kinaingia begani na shavu linatua. Wengi huinamisha kichwa kuitafuta darubini, na hapo ndipo sekunde mbili zinapopotea. Jipime hivi: fumba macho, weka bunduki begani, fumbua. Ukiona kivuli cheusi pembeni mwa kioo, darubini imefungwa mbele mno au nyuma mno, au kitako hakikufai. Mpelekee fundi, mazoezi hayatakuponya.

Darubini iwe kwenye ukuzaji mdogo, mara 2 hivi. Ukiiweka 6 kwa nyati wa karibu, utaona ngozi nyeusi tupu usijue bega liko wapi.

Mara 20 kwa siku zinatosha. Wiki ya kwanza usipime muda. Baadaye weka kengele ya simu: sekunde 6, halafu 5, halafu 4. Alama ikianza kukukimbia, rudi nyuma sekunde moja. Chini ya 4 sioni faida, ni mashindano tu. Sefti itolewe kitako kinapotua, kidole kibaki nje ya triga mpaka msalaba wa darubini uwe kwenye alama. Triga ikilia, msalaba usitikisike. Ukizama chini, unakamua kwa kiganja kizima badala ya kidole kimoja.

Baada ya mlio, vuta bolti papo hapo, kwa nguvu, bila kushusha kitako. Ganda la risasi ya kipimo cha .375 H&H (Holland & Holland) lina urefu wa karibu milimita 72, na mtu mwenye wasiwasi huvuta bolti nusu njia. Bolti inarudi bila kuchukua risasi, na mlio unaofuata ni "ta" kwenye chemba tupu mbele ya nyati aliyejeruhiwa.

Kwa risasi halisi, kazi kubwa ifanywe na bunduki ndogo ya .22 kwenye fimbo zilezile, mita 25 (hiyo usiifyatue tupu, pini yake inaweza kuharibu ukingo wa chemba). .375, ambayo ndiyo kiwango cha chini kwa nyati, inapiga bega, na baada ya risasi 10 mwili huanza kujikunja kabla ya mlio. Ishia 8. Lenga sahani ya karatasi ya sentimita 15, mita 50, kisha 80. Zikitua chini, mwambie mwenzako akujazie magazini akichanganya risasi bandia bila kukuonyesha. Bunduki ikichovya kwenye risasi bandia, umeshapata jibu: unajikunja. Zikipanda juu bila sababu, tazama kilicholala kwenye fimbo. Mtutu ukigusa fimbo, risasi huhama. Ilale mbao.

Risasi ya kwanza ya kila siku ipige karatasi yake peke yake, mtutu ukiwa baridi. Karatasi hiyo itunze, uitumie tena safari ijayo uwanjani. Baada ya safari nne au tano utaona kundi lake la matundu, na mara nyingine haliko pale yanapotua makundi ya mtutu wa moto. Darubini irekebishwe kwa karatasi hiyo. Kama kundi lenyewe limetawanyika, mafuta yaliyobaki ndani ya mtutu ni mshukiwa wa kwanza: pitisha kitambaa kikavu kabla ya kutoka kambini.