Glavu Moja, Mkono Mmoja: Nilivyomfundisha Mwanangu Besiboli

Mwanangu alizaliwa bila kiganja cha mkono wa kulia. Alipofika miaka minane alitaka kucheza besiboli na wenzake hapa Michigan tunapoishi. Kocha wa kwanza tuliyemwendea alimtazama mkono, akaniambia kwa upole kwamba labda soka lingemfaa zaidi. Mimi ni mtu wa Tanga, besiboli nilikuwa siijui kabisa. Usiku ule sikulala.

Mzee jirani yetu ndiye aliyenitajia Jim Abbott, aliyezaliwa mwaka 1967, akakulia Flint, mji ambao hauko mbali na kwetu. Naye hakuwa na kiganja cha kulia. Alisoma Chuo Kikuu cha Michigan, akawa mrushaji, yaani anayemtupia mpigaji mpira, aliyeishinda Japani katika fainali ya Olimpiki ya Seoul mwaka 1988, na mwaka uliofuata akaingia ligi kuu na California Angels bila kupitia ligi ndogo ambazo wachezaji wengi huanzia.

Nilichotaka mimi ni kujua alidakaje. Nikazitazama video zake polepole, usiku baada ya usiku. Anaporusha, glavu ya kudakia inakaa kwenye ncha ya mkono wa kulia. Mpira ukishatoka, mkono wa kushoto unaingia ndani ya glavu papo hapo. Akidaka, anaibana glavu kati ya mkono wa kulia na kiwiliwili, anachomoa kiganja, anautoa mpira ndani ya glavu, anarusha. Yote hayo kufumba na kufumbua.

Tulianza bila mpira. Siku nne nzima ni kuvaa na kuvua tu, sebuleni. Kisha mpira wa tenisi kwenye ukuta wa gereji, kwa sababu Abbott utotoni naye alijifunzia ukutani, akisogelea ukuta kidogo kidogo ili mpira urudi upesi zaidi. Kwetu mambo yalikwama wiki mbili, mtoto akaanza kulia. Kumbe nilimnunulia glavu mpya, ngumu. Nikatafuta kuukuu iliyolainika, mkono ukaanza kuingia bila kupapasa. Mzazi mwenye mtoto kama wangu, anzia hapo: glavu laini, ya kuvaliwa mkono wa kushoto, ijapokuwa anarushia huohuo.

Jioni nilimsimulia kisa cha tarehe 4 Septemba 1993, Abbott akiwa Yankees, timu ya New York, siku ambayo wapigaji wa Cleveland hawakupata pigo la kuwafikisha besi hata moja kwake. Msimu wa 1996 niliuficha. Mwaka huo alishinda mechi 2, akapoteza 18.

Mwanangu aliukuta mwenyewe.

"Baba, mbona hii hukuniambia?"

Nikamwomba radhi, tukakaa tukasoma yote. Mwaka 1997 hakucheza. Mwaka 1998 alirudi na Chicago White Sox, akashinda 5 bila kupoteza. Mwaka 1999 akamalizia Milwaukee. Jumla, ushindi 87, kupoteza 108. Tangu astaafu amekuwa akizunguka kuzungumza na watu, na hata enzi zake uwanjani alikutana na watoto wengi wenye ulemavu na kujibu barua zao.

"Kwa hiyo alipoteza mara nyingi kuliko kushinda?"

"Ndiyo, mwanangu."

Akachukua glavu, akatoka nje.

Msimu huu timu nyingine ilimpokea. Mechi ya kwanza mpira ulimponyoka mara mbili. Wa tatu aliudaka, akabana, akachomoa, akarusha besi ya kwanza, kituo anachokimbilia mpigaji, ili mpira umtangulie. Mpigaji alikuwa ameshafika. Mwanangu akarudi mahali pake, akaiweka glavu kwenye ncha ya mkono wa kulia, akasubiri mwingine.