Jinsi nilivyopunguza joto nyuma ya ukuta wa kioo

Ofisi yetu jijini Dar es Salaam ina ukuta mzima wa kioo unaotazama magharibi, na kila alasiri kiyoyozi kilizidiwa. Mapazia ya ndani hayakusaidia, kwa kuwa miale ya jua ikishapenya kioo na kugeuka joto, joto hilo halitoki tena kwa urahisi. Kioo cha kawaida cha milimita 6 hupitisha takriban asilimia 80 ya nishati ya jua. Kinga ilipaswa kuwa nje. Kurefusha paa kusingetosha, maana jua la alasiri hupita chini ya ukingo wake. Nilifunga nje vibao vya alumini vilivyosimama wima, vinavyogeuzwa kwa mkono kulifuata jua, ambalo mwezi Desemba huzama kusini mwa magharibi na Juni kaskazini mwake. Sasa kiyoyozi kinatosha, nao mwanga, ambao kwangu ndio thamani halisi ya kioo, haujapotea.